Taa ya Waridi Kitandani kwa Mtoto

Wiki iliyopita niliwaacha mlangoni kwa mdogo wangu, mkono mmoja umeshika begi, mwingine umekumbatia taa. Kama ndiyo kwanza unaanza kunisoma leo, nitakupitisha haraka haraka usije ukapotea.

Mimi ni mpanga taa. Nilikuwa napanga taa za jukwaani kwenye ukumbi wa maigizo, na za majumbani kwa watu nilipopata kazi ya pembeni. Mume wangu aliondoka na mshona mavazi wa ukumbi huo huo. Kabla machozi hayajanikauka, mkurugenzi akanifukuza mbele ya waigizaji wote, eti taa zangu zinamzeesha kipenzi chake. Mwanamke ana miaka sitini. Alitaka nimfanyeje?

Basi nikatoka na begi la nguo na ile taa yangu ya kale. Ya shaba, kofia yake ya kioo cha rangi ya waridi, kazi ya mkono ya fundi aliyekufa kabla mimi sijazaliwa. Wakusanyaji wa vitu vya zamani walishanifuata wakitaka kuinunua. Niliwaambia haiuzwi, labda wanibebe na mimi mwenyewe.

Msomaji mmoja ameuliza kama sijachoka kulia gazetini. Nimechoka sana, ndugu yangu. Lakini ya leo sijawahi kuyasema kwa mtu, na ukiwa na moyo mwepesi, fungua ukurasa wa michezo.

Aliyenifungulia mlango siku ile ni wifi yangu, tumbo limemtangulia.

"Wifi, mbona umesimama nje kama mtu wa kusoma mita? Ingia."

"Nimekuja na mzigo."

"Mzigo gani, hiyo taa? Ipo nafasi yake. Hata wewe ipo."

Mdogo wangu ni fundi wa makochi. Alitoka uani na pamba kwenye nywele, akanikumbatia, hakuniuliza hata swali moja. Akasema tu, "Dada, hapa ni kwako."

Mama naye alikuwepo. Alikuwa amekuja kumsubiri mjukuu, na hakuacha kumkumbusha wifi kwamba mimba mbili za kwanza zilitoka. Mama yangu nampenda, lakini mdomo wake hauna breki.

"Hii nayo tuishike kwa mikono miwili," alikuwa akisema mezani. "Matumbo mengine yana tundu."

Wifi alikuwa akiinama na kuendelea kula. Mimi nilikuwa nikiuma ulimi. Nilikuwa mgeni, na mgeni mwenye begi moja hachagui ugomvi.

Siku wifi alipopelekwa kujifungua, nilibaki peke yangu nyumbani. Nikaingia chumbani kwake, nikatazama juu. Kulikuwa na taa moja ndefu nyeupe katikati ya dari, inampiga mtu usoni kama askari anayehoji mwizi. Nikasema hapana, mama mzazi hawezi kurudi kwenye chumba cha mahojiano.

Nilifanya kazi kama mwehu. Niliing'oa ile nyeupe. Nikaweka taa ndogo tatu, zote chini, zote zimegeukia ukutani ili mwanga urudi taratibu, rangi ya asali. Mlangoni nikafunga swichi ya kuzungusha, wifi apunguze na kuongeza apendavyo. Mapazia nikatundika mazito, nikayafunga. Mwanga wa mchana ukichanganyika na wa taa, rangi inachafuka. Hiyo ni kanuni yangu tangu ujana.

Barabara ya nje ilikuwa imechimbwa, vumbi mtindo mmoja. Mama alipoona mapazia akaniunga mkono, jambo ambalo halikuwahi kutokea.

"Vizuri. Mtoto asile vumbi. Yasifunguliwe hayo."

Wifi alirudi na mtoto wa kiume. Alisimama mlangoni pa chumba chake, akatazama, machozi yakamtoka.

"Wifi, umenifanya malkia."

"Wewe ingia ulale, malkia hasimami mlangoni."

Mdogo wangu alizungusha ile swichi mara kumi kama mtoto mdogo. Majirani wakaja kumwona mtoto, wakatoka wanasifia chumba. Mmoja akaniuliza kama naweza kumtengenezea na yeye cha kwake. Nisiwadanganye, nilivimba kichwa. Tangu mkurugenzi aninyooshee kidole, hakuna mtu aliyekuwa ameniambia kwamba mikono yangu ina kazi. Nilizihitaji sifa zile kuliko chakula.

Na mtoto alikuwa mpole ajabu. Halii. Halalamiki. Analala tu.

"Kachukua upole wa babu yake," alisema mama. "Siyo nyinyi, mlinikeshesha."

Siku ya tatu nilimpelekea wifi uji. Alikuwa amesinzia, mtoto kando yake. Nikainama, shangazi wa mtu, nitazame tulivyofanana.

Uso wake ulikuwa na unjano.

Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo penyewe. Mtu mwingine yeyote angeshtuka akasema mtoto anaumwa. Muuza duka angesema hivyo. Mama yangu na macho yake mabovu angesema hivyo. Mimi nimefundishwa vingine. Mwigizaji akipanda jukwaani amepauka au amekuwa wa njano, humuulizi amekula nini wala kama ana homa. Unatazama taa yako. Kosa ni la taa, siku zote. Ndivyo nilivyofundishwa, ndivyo nami nilivyowafundisha wengine, na nilikuwa mkali kwa hilo.

Basi nikasema moyoni, asali imezidi. Nimeweka rangi nzito mno kwa ngozi changa.

Nikaenda chumbani kwangu, nikaichukua taa yangu ya kale. Nikaiweka kando ya kitanda, upande wa mtoto. Ile ya asali iliyokuwa karibu naye nikaizima. Nikawasha ya waridi.

Mtoto akapendeza. Mashavu yakaja. Unjano wote ukaondoka usoni kama umefutwa na kitambaa, na mimi nikasimama pale natabasamu peke yangu, nimeridhika na kazi yangu.

Wifi alifumbua macho.

"Wifi, hiyo si ile taa yako?"

"Si yangu tena. Ni yake. Zawadi ya shangazi."

Alijua ninavyoipenda. Alinivuta shingoni akanibusu, akalia tena. Akamtazama mtoto chini ya ule mwanga.

"Tazama alivyonawiri. Amekuwa na rangi."

"Amekuwa na rangi," nikamwitikia.

Kesho yake aliniita. Alikuwa amekaa kitandani, titi nje, mtoto amelala mdomo wazi.

"Wifi, mbona hanyonyi? Anavuta mara mbili, analala. Nikimwamsha hataki."

"Mpe muda."

"Hata jana ilikuwa hivi. Wewe unamwonaje?"

Nikamwinamia. Nikamtazama chini ya taa yangu, kwenye mwanga niliouchagua mwenyewe.

"Mbona ana rangi nzuri tu," nikasema. "Usijitie wasiwasi."

Mama akadakia kutoka mlangoni. "Uvivu huo. Mtoto anaamshwa. Sisi tuliwaamsha." Wifi akainama kama kawaida yake, akaanza kumsugua mtoto nyayo ili aamke. Aliamka kidogo, akalala.

Mnajua umeme nimeutukana mara ngapi maishani. Ulinikatikia katikati ya maonyesho, ulinikatikia mbele ya wateja. Safari hii ulikatika siku ya sita, mchana mweupe, nikiwa jikoni. Nikasonya.

Halafu nikasikia wifi ananiita. Hakupiga kelele. Sauti yake ilikuwa chini kabisa.

"Wifi. Njoo hapa."

Alikuwa amefungua mapazia. Alikuwa dirishani na mtoto mikononi, jua linamwangukia usoni.

Mtoto alikuwa wa njano. Siyo kidogo, siyo wa kubahatisha. Shingo, kifua, tumbo. Wifi akamfunua kope kwa kidole gumba, na pale panapotakiwa kuwa peupe palikuwa pa njano.

"Amekuwaje?" aliniuliza. "Asubuhi hakuwa hivi. Si ulimwona asubuhi?"

Nikakimbilia uani kumwita mdogo wangu.

Tulipanda gari la mdogo wangu, lile la kubebea makochi. Wifi mbele na mtoto, mimi na mama nyuma, tumekalia kochi la mtu lisilo na kitambaa. Mama alikuwa anasali na kumlaumu wifi kwa pumzi moja. Mimi nilikuwa natazama miguu yangu.

Hospitali tulipokelewa na daktari mwanamke, mfupi, miwani ameipandisha kichwani. Alimvua mtoto nguo zote. Alibonyeza paji la uso kwa kidole, akaachia, akatazama. Akabonyeza kifua. Akabonyeza tumbo. Akashika mguu, akabonyeza unyayo, na pale unyayoni hakuachia haraka. Akamwinua mkono mmoja juu, akauachia, ukaanguka.

Alimwita nesi, wakamtoa mtoto damu kidogo ya kupima. Halafu wakamfunga kitambaa machoni, wakamlaza kwenye kitanda chenye taa za buluu juu yake.

Nitawaambia nilivyo mtu wa ajabu. Mtoto wa ndugu yangu amelegea kama nguo mbichi, na mimi jambo la kwanza lililonijia kichwani lilikuwa, taa hizi ziko karibu mno, zimepangwa vibaya. Nilijichukia palepale.

"Alianza lini kubadilika rangi?" daktari aliuliza.

"Leo," wifi akasema. "Nimeona leo, umeme ulipokatika."

"Leo tu? Jana hakuwa hivi?"

"Jana alikuwa na rangi nzuri. Kila mtu alisema."

Mama akajisogeza. "Daktari, huyu hanyonyeshi. Tumemwambia, hasikii."

Mdogo wangu alikuwa amesimama anakunja na kukunjua kofia yake. Sijawahi kumsikia akimsema mkewe vibaya. Siku ile alimsema.

"Unakaa naye kutwa nzima. Kutwa nzima, na hukuona?"

Wifi alimtazama mumewe. Akasema polepole, "Labda mimi sijui kulea. Labda ndiyo maana wale wengine hawakukaa."

Maneno hayo yaliniingia mahali ambapo hayajatoka mpaka leo. Na bado nilinyamaza. Niliwaza, nikisema, nitalala wapi leo. Ndiyo, niliwaza hivyo. Niliwaza begi langu.

Daktari akavuta stuli, akakaa mbele ya wifi.

"Mama, sikuulizi ili nikulaumu. Majibu ya maabara yatachukua muda, na mimi inabidi niamue sasa. Kama imeanza leo, tunaweza kuziacha hizi taa zifanye kazi huku tunasubiri. Kama ina siku kadhaa, na hivi alivyolegea, basi sumu ya huu unjano inaelekea kwenye ubongo. Hapo taa hazitoshi. Itabidi tumbadilishe damu, na tuanze mara moja. Kumbadilisha damu mtoto mchanga ni hatari, sitaki kufanya bila sababu. Kwa hiyo fikiri vizuri. Imeanza lini?"

Wifi alifunga macho. Alikuwa anafikiri kwa nguvu zake zote, maskini, anatafuta siku ambayo hakuiona kwa sababu mimi niliifuta.

"Leo," akasema. "Naapa ni leo."

Daktari akaanza kuinuka. "Basi tutasubiri kwa—"

"Siku ya tatu," nikasema.

Wote wakanigeukia.

"Ilianza siku ya tatu tangu azaliwe. Leo ni ya sita. Nilimwona mimi."

"Nyamaza," mama akanibana kwenye paja kwa kucha. "Daktari, msamehe, huyu ametoka kuachwa na mume, hayuko sawa."

"Niko sawa, mama. Niliona uso wake una unjano. Nilidhani ni taa zangu. Nikaleta ile ya waridi."

Daktari alikuwa hajui habari za asali wala waridi, lakini alielewa la kutosha. "Siku tatu zilizopita. Una uhakika?"

"Nina uhakika. Kazi yangu ni rangi."

Akashusha miwani machoni, akatoka mbio akiita nesi.

Kilichobaki kwenye chumba kile kilikuwa sauti ya zile taa za buluu. Zinavuma. Mdogo wangu alinijia, akasimama mbele yangu, nikajua atanipiga na nikaona ni haki yake.

Hakunipiga.

"Dada. Ulimwona mwanangu wa njano, ukabadilisha taa?"

"Ndiyo."

"Hukumwambia mtu?"

"Sikujua ni ugonjwa."

"Hukujua." Akalirudia kana kwamba ni neno la lugha nyingine. Akakaa sakafuni, mgongo ukutani, akajifunika uso kwa kofia yake.

Mama akatugeuzia mgongo, akatazama dirishani.

Wifi hakunitazama. Alikuwa ameweka mkono kwenye kitanda cha mtoto, kidole chake kimoja kimelala kwenye kiganja ambacho hakikuwa na nguvu ya kushika. Afadhali angenitukana. Nilisubiri anitukane.

Daktari alirudi na mtu wa maabara.

"Damu ya mama na damu ya mtoto hazielewani," alisema. "Inahitajika damu ambayo watu wachache wanayo. Kwetu hapa upo mfuko mmoja, hautoshi. Tumepiga simu hospitali nyingine, wanasema labda jioni. Jioni ni mbali. Kuna mtu kwenye familia anajua kundi lake?"

Mtu wa maabara akalitaja kundi lenyewe. Mdogo wangu akatikisa kichwa. Mama akatikisa kichwa.

Zamani kidogo, watu wa damu salama walikuja pale ukumbini, sote tukajipanga, waigizaji kwa mafundi. Yule aliyenitoa aliniambia nisichezee damu yangu, ni ya kutafutwa. Tulicheka sana siku ile. Wenzangu wakasema kumbe mpanga taa naye ana kitu cha thamani.

"Mimi ninayo," nikasema.

"Una uhakika?" aliuliza mtu wa maabara.

"Nipime."

Aliondoka nami mpaka chumba cha pili, akanichoma kidole, akapima, akanirudisha mbio. "Ni yenyewe," akamwambia daktari. "Na iko vizuri."

Mdogo wangu alikuwa ameshasimama. "Atoe. Sasa hivi atoe."

"Nitahitaji mama wa mtoto akubali," daktari akasema. "Kwa yote mawili, kubadilisha damu na mtoaji. Nimeshaeleza hatari zake."

"Anakubali," mdogo wangu akasema. "Nani hatakubali?"

"Nimeulizwa mimi," wifi akasema.

Hatukuwahi kuisikia sauti ile. Hata mama alirudi nyuma hatua moja.

"Daktari, hakuna mtu mwingine?"

"Hakuna aliye karibu."

"Aje hapa."

Nilikwenda. Nikasimama upande wa pili wa kile kitanda, mtoto katikati yetu, buluu kama mtu aliyezama majini. Chini ya taa zile huwezi kujua ngozi ina rangi gani. Nilitazama, na mimi niliyejigamba muda mfupi uliopita kwamba kazi yangu ni rangi, sikuona kitu.

"Ulinibusu," wifi akasema. "Ulinibusu ukaniambia amekuwa na rangi."

Ni yeye aliyenibusu. Sikumsahihisha.

"Nikakuuliza, unamwonaje. Mama alinisema, mume wangu kanisema, nikawaza mimi ndiye mwenye kasoro. Wewe ulikuwa pale unasikia."

"Wifi, nisamehe."

"Sijakuita uniombe msamaha."

Akanyoosha mkono ukutani, akazima taa za buluu.

Nesi akaanza kusema hairuhusiwi. Daktari akamgusa bega, nesi akarudi nyuma. Mwanga wa dirishani ukaingia kitandani, mwanga wa mchana mtupu, ule niliokuwa nikiufungia nje.

"Mtazame," wifi akasema. "Halafu uniambie ana rangi gani. Usimrembe. Usimpambe. Niambie unachokiona, kama kilivyo, kwa mara ya kwanza tangu azaliwe."

Nikamtazama. Nikaanzia kwenye paji la uso nikashuka mpaka kwenye vidole vya miguu, kama nilivyotakiwa kufanya siku ya tatu.

"Ni wa njano," nikasema. "Wote. Mpaka nyayo. Kwenye midomo amepauka. Wifi, ni mgonjwa sana."

Ndipo mtoto aliyekuwa halii akalia. Kilio chembamba, cha juu, kisichofanana na cha mtoto. Shingo yake ikajivuta nyuma, mgongo ukapinda kama upinde, mikono ikakakamaa.

Daktari aliziwasha taa mwenyewe. "Mama, siwezi kusubiri tena. Nimtoe damu huyu wifi yako, ndiyo au hapana?"

Mdogo wangu alikuwa analia kwa sauti. Mama alikuwa amepiga magoti. Mimi nilikuwa nimeshakunja mkono wa gauni mpaka begani.

Wifi alikuwa bado ananitazama mimi. Jibu alilotoa nitawaambia wiki ijayo.